Chuo Kilichozama Mokowe

Nilipoanza kazi ya mapokezi katika nyumba moja ya wageni huko Shela, kisiwani Lamu, nilikabidhiwa vitu vitatu: funguo, daftari la kuandikia wageni, na kabati la vitabu ambalo hapakuwa na aliyejua ni la nani. Wageni huja na vitabu vyao, wakaota jua wiki mbili, kisha siku ya kuondoka wakanunua vikapu na vikoi, na vitabu vikaachwa ili mzigo usizidi uzani wa ndege. Ndivyo kabati lile lilivyojaa hadithi za polisi na wauaji, vitabu vya kupunguza unene na, kwa sababu iliyonichukua muda kuielewa, falsafa. Siku hizi nadhani nimeielewa. Mtu akipanga safari ya kisiwani hujiahidi kwamba safari hii atakaa chini ayatafakari maisha yake. Akifika, akaiona bahari, husoma hadithi ya muuaji. Falsafa hubaki mpya.

Mimi nilikuwa na cheti cha kidato cha nne, Kiingereza cha kusomea na kamusi pembeni, na mchana mrefu usio na mgeni. Nikatoa kitabu kinene kuliko vyote, kwa hesabu ya sokoni kwamba papai zito ndilo lenye nyama. Kilikuwa cha Immanuel Kant, mwanafalsafa wa Ujerumani, kile cha 1781 cha kuihakiki akili yenyewe. Nilihangaika nacho siku kumi na moja nikafika ukurasa wa 14. Kila neno nililitafuta kwenye kamusi nikalipata, na kila sentensi nikaipoteza. Sikumlaumu Kant, nilijilaumu mwenyewe. Nikakirudisha kabatini nikasema haya ni mambo ya watu wengine, na miaka miwili sikushika tena kitu chenye jina la falsafa.

Lau mtu angenambia mapema niliyokuja kuyajua baadaye! Kwamba wasomi wa zama zake nao walikikodolea macho, hata ikambidi 1783 atoe kitabu kingine, kifupi, cha kueleza kile cha kwanza kilikuwa kinasema nini. Kwamba bwana yule alizaliwa Königsberg akafa Königsberg, na katikati hapo hakwenda mbali, na husimuliwa kwamba matembezi yake ya kila siku yalikuwa na saa maalumu kiasi cha majirani kurekebisha saa zao wakimwona anapita. Kwetu mtaa wa Langoni tunaye mzee wa namna hiyo hiyo. Mokowe yenyewe, gati ya bara ng'ambo ya maji, huiona kwa mbali tu, na fimbo yake ikigonga mawe ya mtaani ujue alasiri imekaribia. Ningeanza na matembezi ya Kant kabla ya Kant mwenyewe, huenda ningefika ukurasa wa 20.

Kilichonirudisha ni kitabu cha mwalimu mmoja wa Norway, Jostein Gaarder, kilichotoka 1991. Nilikichukua nikidhani ni hadithi ya watoto, na ni hadithi kweli: msichana wa miaka kumi na nne, Sophie, anarudi kutoka shule, anafungua sanduku la barua na kukuta kijikaratasi kisicho na jina la mtumaji. Kimeandikwa: wewe ni nani? Baadaye cha pili: ulimwengu umetoka wapi? Nilisoma usiku kucha, zamu yangu yote, na alfajiri nilipofunga geti nilikuwa nimeshakutana na Socrates, mwanafalsafa wa Ugiriki ya kale, na sikuwa nimechoka.

Hapa niseme jambo la lugha. Kwetu Amu, yaani Lamu, wazee hawasemi kitabu, husema chuo, na vikiwa vingi ni zuo. Chuoni ndiko pia mtoto anakopelekwa kusomeshwa Kurani. Kwa hiyo ami yangu aliponiona jioni ile na Sophie kwapani akaniuliza, "Chuo gani hicho?", lilikuwa swali zito kuliko lionekanavyo. Nikamjibu, "Ni cha hikima, ami." Akasema, "Haya, tusomee." Akajisogeza nafasi ikapatikana.

Baraza letu ni la jiwe kama mabaraza mengine, nje ya nyumba ya ami. Baada ya isha hukaa ami, nahodha mmoja mstaafu, Ustadh anayesomesha watoto, na mara kwa mara fundi wa vyombo vya baharini kutoka kijiji cha Matondoni akiwa amelala mjini. Muuza kahawa hupita na dele lake la shaba, akitua kwa muda anaoutaka yeye. Nikawafasiria ukurasa wa kwanza. Nilipofika kwenye lile swali, ami akajibu hapo hapo bila kuombwa: "Mimi ni mtoto wa fulani bin fulani."

Nahodha akamwambia, "Hao ni babako na babuyo. Umeulizwa weye."

"Mimi ni mwenye nyumba hii."

"Ukiiuza?"

Sikusoma ukurasa wa pili usiku ule. Waliligombania jambo lile mpaka muuza kahawa akadai vikombe vyake mara tatu. Mimi nilikaa kimya na kitabu changu wazi mapajani nikiona kitu ambacho Kant hakunionyesha. Tangu siku hiyo nikawa na mizani yangu moja ya kupimia vitabu vya falsafa, na sijapata nyingine bora: nikifunga kitabu, je, baraza linanyamaza au linaendelea?

Sophie alipasi, ingawa si moja kwa moja. Katikati kitabu kinalegea. Yule mwalimu wa siri anaeleza na kueleza, na msichana kazi yake inabaki kuitikia. Nahodha alisema binti huyu hata kupiga miayo hapigi, si wa kweli. Lakini pale Gaarder anapotaka kueleza chembe ndogo za Democritus, Mgiriki wa kale, anamwuliza Sophie kwa nini matofali ya plastiki ya Lego ni mchezo wa werevu kupita yote duniani. Barazani hapana aliyewahi kuchezea Lego. Mjukuu wa ami, aliyetumwa kuleta maji, akasema, "Kama shanga za mama, ukikata uzi unaunda mkufu mwingine." Sikuwa na la kuongeza.

Kilichofuata kilinitia mashakani kwa jina lake. Julian Baggini, Mwingereza, alitoa 2005 kitabu chenye visa 100 vya kufikirisha, kila kimoja kurasa mbili tatu, kisa kwanza halafu mjadala. Kitabu kizuri kabisa kwa baraza, isipokuwa juu ya jalada kina nguruwe anayetaka kuliwa. Naishi Lamu. Nilikivika gazeti na miezi minane nilikiita kile chuo cha gazeti. Kwa anayeanza, kama una muda wa kusoma kitabu kimoja tu, anza na cha namna hii. Unaweza kukosa kuelewa kisa cha saba na cha nane kisikudai kitu.

Kisa kilichotutoa usingizini ni cha zamani, kimo kwa Plutarch, mwandishi wa Ugiriki ya kale. Watu wa Athens waliihifadhi merikebu ya shujaa wao Theseus. Ubao ukioza waliutoa wakaweka mpya, miaka kwa miaka, mpaka wanafalsafa wakaanza kubishana: hii bado ni merikebu ile ile au ni nyingine? Bahati ikawa fundi wa Matondoni yupo. Hakuningoja nimalize.

"Haya huuliza mtu asiyeunda chombo," alisema. "Mbao nabadilisha. Mataruma nabadilisha. Mlingoti ukivunjika naweka mwingine, na tanga ndio usiseme. Lakini mkuku, gogo la chini linalobeba chombo chote, haubadilishwi. Mkuku ndio chombo, vilivyobaki ni nguo."

Nahodha hakukubali. Yeye alikuwa ameendesha jahazi lililobadilishwa mbao zote za ubavuni, na likarudi majini na tabia yake ile ile ya kuvuta upande wa joshini, upepo utokako, kama punda aliyekataa kuvuka mtaro. Kwake chombo ni tabia. Ustadh akakumbusha mitepe ya zamani iliyoshonwa kwa kamba za makumbi bila msumari hata mmoja, kamba zikioza inashonwa upya, kama kanzu. Ami, aliyewahi kukopesha, akauliza swali ambalo sijaliona kwenye kitabu chochote: "Kama chombo si kile, deni lake nalidai kwa nani?"

Hapo nikatoa nyongeza ya Thomas Hobbes, Mwingereza wa karne ya 17. Je, mtu akiziokota zile mbao kuukuu zote, akaziunganisha kama zilivyokuwa? Sasa zipo merikebu mbili, ipi ni ya Theseus? Nilidhani nimewapata. Fundi akacheka. "Mbao kuukuu haziundi chombo. Siku hizi hununua wenye hoteli, wakatengenezea meza na fremu za vioo."

"Basi," nahodha akanigeukia, "wageni wako kule Shela hula juu ya jahazi."

Kesho yake niliiangalia meza ya mapokezi kwa muda mrefu. Ilikuwa na tundu za misumari na alama ya kalafati, pamba ya kuzibia nyufa za chombo, pembeni.

Bertrand Russell nilimkuta chini ya rundo, historia yake ya falsafa ya Magharibi ya 1945, zaidi ya kurasa 800. Baada ya Kant niliapa kutoshika tena kitu kinene, lakini nilipofungua katikati nilikuta mtu anayechekesha. Haogopi kusema mkubwa fulani alikosea, na hukwambia maisha ya watu pamoja na rai zao. Alipewa Tuzo ya Nobel 1950, na ilikuwa ya fasihi. Kina dosari moja kubwa, nayo ni kwamba asiyempenda humdhulumu. Ukisoma sura ya Nietzsche, mwanafalsafa wa Ujerumani, hutamjua Nietzsche, utamjua Russell akiwa amekasirika. Na Ustadh alikuja na swali lake. "Waislamu amewapa nini?"

Nikatazama. Sura moja fupi, na ndani yake anasema kwamba falsafa ya Waarabu haina uzito kwa fikra mpya, kwamba akina Ibn Sina na Ibn Rushd hasa ni wafafanuzi wa wengine. Nilifasiri kwa sauti ya chini. Nilitarajia hasira. Ustadh akamaliza kahawa yake, akaaga, na kesho yake akaja na chuo chake mwenyewe, chembamba kama daftari la shule.

Kilikuwa cha Imam Ghazali, kile anachosimulia mwenyewe jinsi alivyookoka na upotevu. Ghazali alifariki 1111, na nilimjua kwa jina tu, jina la kutajwa kwa heshima kisha mtu akapita. Sikujua kwamba aliwahi kuandika kama mtu anayekuhadithia usiku. Anaanza kwa kuyatilia shaka macho yake. Kivuli, anasema, ukikitazama kimesimama tuli. Rudi baada ya muda, kimehama. Nyota jicho linaiona ndogo kama dinari, na hesabu zinasema ni kubwa kuliko ardhi. Ikiwa macho yanadanganya na akili ndiyo iliyoyafichua, ni nani atakayeifichua akili? Hali hiyo ikamshika karibu miezi miwili. Baadaye, 1095, akiwa mwalimu mkubwa wa chuo cha Nidhamiyya, Baghdad, ulimi ukamfunga asiweze kusomesha, akaacha cheo na kuondoka.

Ustadh alikisoma kwa Kiarabu na kufasiri, nusu jioni moja na nusu nyingine. Alasiri iliyofuata niliwakuta watoto wake wa chuoni wameweka kokwa za tende kwenye ukingo wa kivuli cha ukuta, wanangoja kukikamata kikihama. Hapana aliyekikamata. Ustadh alikaa mlangoni akijifanya anasahihisha ubao.

Ni yeye pia aliyenielekeza kwa Ibn Tufayl wa Andalusia, wa karne ya 12, na hadithi ya Hayy bin Yaqdhan, yaani Hai mwana wa Aliye Macho. Simon Ockley aliifasiri kwa Kiingereza 1708, na tafsiri hiyo ipo bure kwenye intaneti, Kiingereza cha kale lakini kinasomeka. Mtoto mchanga yuko peke yake kisiwani, analelewa na paa jike. Paa anakufa. Mtoto anamwita, hajibu. Anamtazama macho na masikio, yapo. Basi anampasua kifua kutafuta kitu gani kimeondoka. Kutoka hapo, kwa kutazama na kufikiri tu, anapanda ngazi kwa ngazi mpaka anamjua Mola wake bila mwalimu.

Hii sikuipeleka barazani. Niliwasimulia nyumbani, kwa khalati, dada ya mama, ambaye hudarizi kofia usiku na hupenda kusikia sauti ya mtu akifanya kazi. Sindano ilisimama kwenye kile kifo cha paa. Ikaendelea. Nilipomaliza kwa fahari, akasema bila kuinua macho: "Mtoto amenyonyeshwa na paa, amefunikwa na paa, halafu wasema amefika kwa akili yake peke yake. Na maziwa je, hayahesabiwi?"

Nimesoma tangu hapo maelezo kadhaa ya kitabu kile ya watu wenye vyeo, na bado naliona swali la khalati ndilo lililosimama mbele yao wote. Nilimwomba ruhusa ya kulipeleka barazani. Alisema nilipeleke, ila nisiseme limetoka wapi, niwaache wahangaike. Walihangaika. Ami alisema mwenye swali hilo bila shaka ni mwanachuoni.

Mwaka wa 2020 wageni walikatika. Nyumba ilifungwa, mimi nikabaki mlinzi wa kabati kwa nusu mshahara, kisha kwa robo. Katika miezi ile nilisoma kitabu cha Alain de Botton, cha 2000, kinachochukua wanafalsafa sita na kumpa kila mmoja dawa ya msiba mmoja: Socrates kwa asiyependwa na watu, Epicurus kwa asiye na pesa, Seneca kwa mwenye kukerwa, Montaigne kwa mwenye kujiona duni, Schopenhauer kwa aliyevunjika moyo, Nietzsche kwa mwenye shida. Kimeandikwa kwa wepesi na kina picha, na nitakisifu kwa hilo. Lakini kusoma habari za Epicurus na tumbo tupu ni kazi nyingine. Epicurus alimwandikia rafiki amletee kigudulia cha jibini, ili siku akitaka afanye karamu. Nilimsomea nahodha, ambaye wakati huo alikuwa akila mkate wa mofa na chai ya rangi, chakula chake cha siku nzima. Akauliza, "Hiyo jibini aliipata?" Sikujua la kumjibu. Akasema, "Basi hiyo si falsafa, ni kuomba." Nadhani alimwonea Epicurus. Hata hivyo nilielewa alichokuwa anakataa: kitabu kilicho kitamu mno, kinachompa mwenye njaa picha ya mtu aliyeridhika.

Kilichotusaidia miezi ile kilikuwa cha hapa hapa. Ami anaihifadhi kifuani Al-Inkishafi, ya Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir, iliyotungwa yapata miaka 200 iliyopita juu ya kuanguka kwa mji wa Pate. Alikuwa akiisoma kwa mahadhi huku hoteli zote za ukingoni zimefungwa madirisha. Mshairi anauhoji moyo wake mwenyewe, anaupitisha kwenye majumba ya matajiri yaliyobaki magofu na makinda ya popo yakining'inia juu, na kuuliza wenyewe wako wapi. Haibembelezi hata ubeti mmoja. Ajabu ni kwamba tulikuwa tukiondoka hapo tumechangamka.

Vingine nitavipitia kwa haraka. Kusadikika ya Shaaban Robert ya 1951 niliisoma shuleni kama mzigo wa mtihani, nikaisoma tena baada ya kumsoma Plato, mwanafunzi wa Socrates, na nikashtuka: Karama mbele ya baraza la mfalme, akijitetea kwa maneno tu, ana undugu na Socrates mbele ya mahakama ya Athens mwaka 399 kabla ya Kristo. Plato mwenyewe watu humwogopa bure. Ile hotuba ya utetezi wa Socrates aliyoiandika husomwa kwa kikao kimoja. Profesa Odera Oruka wa Chuo Kikuu cha Nairobi alitoa 1990 kitabu cha mazungumzo na wazee wa Kenya, akiwatenga wanaokariri hekima ya watu wao na wanaoihoji. Nilikosea nikalieleza baraza ungo huo. Wiki nzima kila mmoja alipinga kila kitu, hata saa ya swala, ili ahesabiwe kundi la pili.

Sasa Mokowe. Nilikuwa nimetoka Mombasa na kitabu cha kwanza nilichokinunua kwa pesa zangu, kipya, chenye harufu. Ni cha Sarah Bakewell, cha 2016, juu ya Sartre, Beauvoir, wanafalsafa wa Ufaransa, na wenzao waliofanyia falsafa migahawani. Nilikwisha piga simu kwa ami kumwambia naja na wanafalsafa wa kahawa. Basi la Mombasa linakula siku nzima, na vizuizi vya polisi baada ya Witu vinampa mtu muda wa kusoma, kwa hiyo nilipoteremka Mokowe nilikuwa nimemaliza robo tatu. Kwenye gati nilishika kitabu mkono mmoja na kuku wa khalati mkono wa pili. Mashua ikayumba. Mtu huwa na chembe ndogo ya wakati kuchagua, na mimi nilimchagua kuku.

Kitabu kilielea kidogo, kurasa zikajifungua kama mtu anayetaka kusema jambo, kikazama. Mwenye mashua akasema pole, kisha akaulizia nauli.

Usiku ule nilikwenda barazani mikono mitupu na kueleza. Wakacheka mpaka wakachoka, kisha ami akasema, "Haya, tuhadithie." Nikasema chuo kimezama. "Tumesikia. Tuhadithie."

Nikaanza kwa woga. Majira ya baridi ya 1932 kuingia 1933, vijana watatu wako kwenye mgahawa Paris: Sartre, Beauvoir, na Raymond Aron aliyerudi kutoka Berlin. Mbele yao kuna kinywaji cha aprikoti. Kilikuwa pombe, barazani nikasema sharubati, Mungu anisamehe. Aron anamwambia Sartre kuna falsafa mpya Ujerumani ambayo kwayo mtu aweza kufalsafu juu ya glasi hii hii. Sartre, anavyosimulia Beauvoir, akabadilika rangi. Nikawaeleza njia yenyewe: ueleze kitu kinavyokujia, kabla hujakivisha unayoyajua juu yake. Nahodha akanyanyua kikombe. "Haya. Uchungu unaotangulia na joto. Kisha tangawizi, nyuma, kooni. Kisha," akamtazama muuza kahawa, "kuna kitu chasimama mbele yangu, chanidai shilingi ishirini."

Tuliendelea mpaka saa sita. Sartre na Beauvoir walifika Lamu salama, na mwenzao Camus pia, na vile visa vya vita na ugomvi wao wa siasa. Heidegger, mwanafalsafa wa Ujerumani, alizama mzima. Sikukumbuka hata sentensi moja, ingawa niliisoma sura yake mara mbili kwenye kizuizi.

Ustadh alikuwa kimya muda wote. Ndipo aliposimulia kwamba Ghazali kijana, akirudi kwao Tus kutoka Jurjan alikokwenda kusoma, alivamiwa na majambazi njiani. Wakachukua kila kitu pamoja na mfuko wa daftari zake. Akawafuata akiwaomba warudishe daftari tu, kwa kuwa ndizo elimu yake aliyosafiri kuitafuta. Mkubwa wa majambazi akacheka. Wasemaje waijua elimu, alimwambia, nasi tumekunyang'anya ukabaki huna? Akamrudishia. Ghazali akakaa Tus miaka mitatu akizihifadhi moyoni.

"Kwa hiyo," Ustadh alinambia, "na wewe umepata jambazi wako. Tofauti ni kwamba wako ni kuku."

Kuku yule tulimla Ijumaa.

Hiyo ni miaka iliyopita. Mwezi uliopita nilipokea simu ya fundi kutoka Matondoni, saa kumi na mbili asubuhi, hakusalimu vizuri. "Ndoo," alisema, yaani njoo. "Ndoo leo, kabla maji hayajajaa." Nikapanda bodaboda. Jahazi lilikuwa limeegemezwa juu ya magogo, moja ambalo nahodha aliwahi kuliendesha, na chini yake mchangani ulilala mkuku wake wa zamani, mweusi, umeliwa na funza wa mbao upande mzima. Mpya ulikuwa umekwisha ingia, mweupe, misumari yake ikimeta. Watoto wawili walikuwa wamekaa juu ya ule wa zamani wakila maembe.

Fundi alisimama baina ya mkuku na jahazi, patasi mkononi, akitazama huku na huku.

"Nilikwambia haubadilishwi," alisema. "Sasa nionyeshe. Chombo ki wapi?"